Mistari ya Kijani

Nobu ya redio ya zamani haikuwa na haja ya kukwambia kitu. Kile kitufe cha kuzungusha, chenye mchirizi mweupe ubavuni, kilikuwa habari tosha. Mchirizi ukitazama chini kushoto, redio imezimwa. Ukitazama juu, mnasikilizana humu ndani. Ukipinduka kulia kabisa, jirani naye anasikiliza, atake asitake. Hata usiku wa giza, mtu aliipapasa kwa kidole gumba akajua sauti iko wapi kabla redio haijatamka neno.

Mimi nilifika kwenye nobu kwa njia ya kuzunguka. Nilikuwa natafuta jinsi ya kuondoa kisanduku kinachoruka juu ya skrini ya laptopu yangu kila ninapobonyeza kitufe cha sauti, na kila niliyemuuliza alinipa dawa bila kunieleza ugonjwa. Zima hiki, sakinisha kile, anzisha upya. Lakini kwa nini kisanduku kiwepo hata? Masikio ninayo. Sauti ikipanda nasikia imepanda. Nani aliamua kwamba lazima pia niione?

Jibu, kwa jinsi nilivyolielewa mimi, ni kwamba kisanduku ni fidia. Kuna kitu tulinyang'anywa mkononi, tukalipwa machoni.

Ndani ya nobu mna ukanda wa kaboni uliopinda kama mwezi mchanga, na kidole cha chuma kinachoteleza juu yake. Kidole kikiwa karibu na mwanzo wa ukanda kinachota umeme kidogo wa sauti; kikisogea mbele kinachota mwingi. Wala kaboni yenyewe haikupakwa sawasawa. Sikio la mtu halihesabu kwa kujumlisha, linahesabu kwa kuzidisha: ili mtu aone sauti imekuwa maradufu, spika inahitaji nguvu kama mara kumi. Watengenezaji wakaupaka ukanda ule kwa namna ya kulifuata sikio, ndiyo maana ukizungusha nobu nzuri sauti hupanda polepole, hairuki. Adui yake ni vumbi na, huku kwetu pwani, chumvi ya hewani. Kidole kikishika uchafu redio inakwaruza, krrr, na fundi anaifungua, anapuliza, anatia dawa tone moja, anakurudishia.

La muhimu kwa habari hii ni kwamba nobu ilikuwa pia kumbukumbu. Umeme ukikatika yenyewe haina habari. Ulipoiacha ndipo ilipo.

Utangazaji wa redio Kenya ulianza mwaka 1928, ukiwalenga walowezi, na kwa miaka mingi redio ilikuwa kitu cha sebule za wakubwa. Mambo yalibadilika kwa vyombo vya bei ndogo. Mwaka 1949, Lusaka, ofisa habari wa serikali ya kikoloni aitwaye Harry Franklin aliishawishi kampuni ya betri ya Ever Ready itengeneze redio ya Mwafrika wa kawaida. Ilitoka ya buluu, mviringo, ya bei ya paundi 5, na ikapewa jina la Saucepan Special kwa sababu umbo lake lilianzia kwenye sufuria ya alumini kweli kweli. Kisha zikaja transista. Regency TR-1 ilitoka Marekani mwaka 1954, Sony TR-63 ikafuata mwaka 1957, na miaka ya 1960 haikuisha kabla redio za mkononi hazijatapakaa hadi huku. Ng'ambo ya mpaka wetu, kiwanda cha Matsushita kule Dar es Salaam kilitoa redio na betri za National, jina ambalo wazee wa pande zote mbili bado wanalitaja kama jina la jamaa.

Redio hizo zilifundisha watu kwamba sauti ni mali. Redio ya transista hula mawe zaidi ikipandishwa. Spika ikipiga kelele, mkondo wa umeme unakua. Kwa hiyo mzee aliyesema "punguza" hakuwa lazima anaumwa kichwa. Alikuwa anahesabu mawe hadi mwisho wa mwezi. Na alijua kwa kutazama mchirizi tu, kutoka alipokaa, kama amri yake imetiiwa. Hakuna kisanduku kilichowahi kuwa na heshima hiyo.

Televisheni ilikuja na nobu zile zile. Kenya ilianza kurusha matangazo ya televisheni mwaka 1962. Zanzibar wakawa na televisheni ya rangi mapema miaka ya 1970, na Tanzania bara ikakaa bila kituo hadi mwaka 1994, kichekesho cha historia ambacho mtu wa mpakani hachoki kukisimulia. Kwa muda mrefu kubadilisha sauti kulimaanisha kuinuka, au, kwa usahihi zaidi, kumwinua mtoto.

Aliyemkalisha mtoto chini ni rimoti. Kampuni ya Zenith ya Marekani ilitoa rimoti ya mwanga mwaka 1955, lakini jua la dirishani likawa linabadilisha stesheni lenyewe. Mwaka uliofuata mhandisi wao Robert Adler akaja na Space Command, isiyotumia hata jiwe moja: ukibonyeza, kinyundo kidogo kiligonga ufito wa alumini ukatoa mlio wa juu kuliko sikio la binadamu, nayo televisheni ikausikia. Zile rimoti za mwanzo zilikuwa mkono mrefu tu. Ndani ya seti mota ilizungusha chuma kilekile ambacho ungekizungusha wewe.

Mabadiliko yenyewe yalikuja kimya, kuelekea miaka ya 1980, chipu zilipokuwa rahisi. Sauti ikaacha kuwa mahali pa kidole cha chuma, ikawa nambari iliyohifadhiwa ndani ya chipu. Nobu ikang'olewa, pakawekwa vitufe viwili, cha kujumlisha na cha kutoa. Sasa kiguse kitufe cha kujumlisha uone kama kitakwambia kitu. Hakina juu wala chini, hakina kushoto wala kulia. Kiko vilevile sauti ikiwa 3 na ikiwa 50. Chombo kikajua kitu ambacho mkono haukijui tena, na ikabidi kiseme. Kikasema kwa mistari ya kijani chini ya picha, iliyojipanga kama ukuta wa makuti, yenye neno VOLUME kushoto. Kijani kilifaa: ndiyo rangi ambayo jicho letu huikamata upesi, na kwenye kioo cha zamani kuichora kulihitaji mwale mmoja tu kati ya ile mitatu.

Na mistari ile haikuudhi sana, nakiri upande huo. Ilikuja, ikakaa kidogo, ikaondoka. Kulikuwa na televisheni moja nyumbani na kila mtu aliyekuwepo alitaka kujua nani kaongeza.

Uudhi ulianza vyombo vilipokuwa vingi. Tanzania ilianza kuzima mitambo ya analojia Dar es Salaam usiku wa tarehe 31 Desemba 2012. Kwetu vurugu ilikuwa Februari 2015, pale matangazo ya analojia yalipozimwa na NTV, KTN na Citizen zikatoweka kwa karibu wiki tatu. Watu wanakumbuka ule ugomvi wa mahakamani na skrini nyeusi. Mimi nataka likumbukwe jambo dogo lililofuata: kila nyumba ikawa na king'amuzi. King'amuzi kina sauti yake, televisheni ina yake, rimoti mbili, mistari ya aina mbili. Ikawa mtu anabonyeza hii hadi mistari imejaa, sauti bado haisikiki, kumbe ile nyingine iko 10. Macho yanaona imejaa, masikio yanakataa. Nobu haikuwahi kudanganya hivyo.

Kompyuta ilipita njia yake mwenyewe kufika pale pale. Kwenye Windows 95 na ndugu zake sauti ilikuwa kispika kidogo pembeni mwa saa. Unakibonyeza kwa mausi, kinatoka kijiti cha kupandisha na kushusha. Yaani kilikuja kikiitwa, na hiyo ni tabia njema. Kompyuta za Apple zikawa na spika kubwa ya kijivu katikati ya skrini, na kwa miaka mingi hakuna aliyeweza kuitazama filamu bila kuonana nayo. Kisha Oktoba 2012 ikatoka Windows 8, iliyotengenezwa kwa kuwaza simu na tableti, na kisanduku cha sauti kikahamia kona ya juu kushoto. Windows 10 ya mwaka 2015 ikakirithi. Muda wake wa kukaa ulifungwa pamoja na muda wa arifa, sekunde 5, na kwenye orodha ya muda hapakuwa na namba ndogo kuliko hiyo.

Machi 2019 ikaja Chrome toleo la 73, iliyoanza kusikiliza vitufe vya muziki vya kibodi. Jambo zuri kwenye karatasi. Matokeo yake ni kwamba ukiwa na video kwenye kivinjari, kugusa sauti kulileta kisanduku kilichotanuka, chenye jina la video, picha yake na vitufe vya kusimamisha. Malalamiko yakamiminika, na dawa iliyosambaa kwa watu ilikuwa ni kuandika chrome://flags, kutafuta hardware-media-key-handling na kuizima. Windows 11 ilipotoka mwaka 2021 bado ilikuwa nacho kile cha zamani. Sasisho la Septemba 2022 ndilo lililokishusha chini katikati, kikiwa kembamba. Mwaka 2025 Microsoft wakaanza kuruhusu mtu achague kikae wapi: chini, juu kushoto, au juu katikati. Angalia hesabu hiyo. Miaka 13 kutoka kona ya juu kushoto hadi ruhusa ya kukihamisha, na bado chaguo la kisitokee kabisa halikuwemo.

Wenye laptopu za gemu ndio waliopiga kelele zaidi, na si kwa utoto. Kwenye gemu kona za skrini ndizo zenye uhai: ramani ndogo, idadi ya risasi, majina ya wenzako. Sekunde 5 za kona kufunikwa ni muda wa kutosha kuuawa. Isitoshe, laptopu hizi huja na programu ya mtengenezaji ya kusimamia feni, taa za kibodi na vitufe vyake maalumu, nayo mara nyingi ina kisanduku chake yenyewe. Mfumo unachora chake, mtengenezaji anachora chake. Ni king'amuzi na televisheni upya, ila safari hii ndani ya mashine moja.

Laptopu yangu ni ya namna hiyo, ya mtumba. Gemu sichezi sana. Niliichukua kwa sababu inaweza kubeba kazi za video, na kazi za video ndizo zinazonilipia nyumba hapa Lunga Lunga: kuandika maneno chini ya picha, kunakili diski kuukuu za harusi na hotuba, kunyoosha sauti. Chumba changu hakiko mbali na barabara ya kwenda Horohoro, ambako malori yanasubiri forodha usiku na mchana, honi juu ya honi. Kwa hiyo mkono wangu hautoki kwenye vitufe vya sauti. Lori likinguruma, napandisha, likinyamaza, nashusha. Kwenye mfumo huu kila kubonyeza kunasogeza 2 kati ya 100, basi hesabu mwenyewe ni mara ngapi kwa siku.

Ndipo akaja mama mmoja kutoka upande wa Vanga na diski ya harusi ya dadake. Diski imechubuka hadi inang'aa kama kioo cha saluni. Programu za kunakili ziliikataa. Kichezeshi kimoja tu kiliivumilia, kwa kukwama hapa na pale. Njia iliyobaki ilikuwa kuicheza na kuirekodi skrini. Kurekodi dirisha la kichezeshi peke yake kulileta picha nyeusi, hivyo ikabidi nirekodi skrini nzima, na skrini nzima maana yake ni skrini na visanduku vyake vyote viwili.

Diski yenyewe ilikuwa nakala ya nakala. Kanda ya kwanza ilipigwa kwa kamera ya begani; kona ya chini imechomwa tarehe, ya mwaka 1996, na hiyo tarehe ndiyo iliyomaliza ubishi wa familia kuhusu mwaka wa harusi. Baadaye mtu hakuwa na waya wa kunakili, au mashine ya pili, basi akaicheza kanda kwenye televisheni na kuipiga picha televisheni yenyewe kwa kamera. Unaona kingo za seti, unaona pazia likipepea kwenye kioo. Na katikati ya nakala, wanawake wanapopiga vugo, fimbo juu ya pembe za nyati, nyanya mmoja anaanza kuimba kwa sauti nyembamba inayozama chini ya pembe. Hapo mistari ya kijani inatokea. Inapanda, mmoja, mmoja, mmoja, ikivuka kifua cha nyanya, na sauti yake inaibuka.

Nikamwambia mama kwamba mistari ile ipo ndani ya picha, si kisanduku cha mashine yangu, ila naweza kujaribu kuifuta. Si kazi rahisi, lakini sehemu fupi hivi inawezekana.

"Usiiguse, mwanangu," akasema. "Huyo ni kaka yangu."

Nikadhani sijasikia. Akanieleza. Kaka yake ndiye aliyeipiga kanda, na ndiye aliyeinakili. Amefariki miaka mingi. Kwenye harusi nzima haonekani hata mara moja, kwa sababu alikuwa nyuma ya kamera, na siku ya kunakili alikuwa nyuma ya kamera tena, rimoti mkononi. Mistari ile ni kidole chake. Alitaka nyanya yao asikike.

Baada ya hapo visanduku vyangu havikuwa tena jambo la kuudhika tu. Kuna alama ya kijani kwenye kanda hii yenye mwenyewe. Kijivu changu kingekuwa juu yake bila sababu, kwa ajili ya lori lililokuwa linapita. Niliizima programu ya mtengenezaji isianze pamoja na mashine, kisanduku cha pili kikafa. Kile cha mfumo nilikitafutia HideVolumeOSD, programu ndogo ya bure ambayo haizimi kitu chochote: inatafuta dirisha la kisanduku lilipo na kulificha. Ilifanya kazi. Sikuiamini lakini, maana visanduku hivi vina tabia ya kurudi baada ya sasisho, na diski ile sikutaka kuicheza mara nyingi.

Dawa niliyoiamini niliinunua Ukunda, kwa mtu anayeuza vitu vya elektroniki vya mtumba: jozi ya spika za mezani zenye nobu mbele. Nikaiacha sauti ya kompyuta pale pale ilipo, sikuigusa tena. Sauti ikawa inapandishwa na kushushwa baada ya kutoka kwenye mashine, kwa ukanda wa kaboni na kidole cha chuma, na mashine haina habari kwamba kuna kilichobadilika. Isichojua haiwezi kukitangaza. Nobu inakwaruza kidogo ikifika katikati. Nimeizoea.

Nilirekodi diski usiku mmoja, kutoka mwanzo hadi mwisho, mkono wa kushoto kwenye nobu. Malori yalipita, nikazungusha. Skrini ilikaa safi. Kisha nikaandika maneno chini ya picha, maana vijana wa ile familia walio Mombasa na mbali zaidi hawakishiki Kidigo vizuri, na wimbo wa nyanya walikuwa wakiusikia kama mlio tu. Kila mahali maneno yamekaa chini katikati, isipokuwa dakika ile ya vugo. Pale nimeyapandisha juu ya kichwa cha nyanya, ili yasifunike mistari.